Falsafa, Kinanda na Zbigniew Preisner

Kila ninapokwenda likizo swali ni lile lile. Wanakwaya wa parokia yetu wakishanisalimia na kuuliza habari za seminarini, hakosekani mmoja wa kusema: "Frateri, hiyo falsafa inakusaidia nini kwenye kinanda?" Wanauliza kwa utani, lakini si utani mtupu. Wamenifahamu tangu nikiwa mtoto wa kugawa vitabu vya nyimbo, wakaniona nikijifunza nota, wakaimba nyimbo zangu za kwanza. Sasa wanasikia majina ya Aristotle na Kant, na nyimbo mpya hawazioni. Mwalimu wa kwaya, mzee ninayemheshimu sana, yeye haulizi. Hutikisa kichwa tu.

Jibu ninalo, ila ni refu kuliko muda wa kusimama nje ya kanisa baada ya Misa ya pili, na linapitia mbali: Poland, kwa mtunzi wa muziki wa filamu aitwaye Zbigniew Preisner. Wapendwa wasomaji, msihangaike na matamshi ya majina katika makala haya. Padre aliyetufundisha majina hayo naye alicheka tulipojaribu.

Padre huyo alisoma miaka kadhaa Krakow, na kwetu hufundisha maadili. Tulipofika kwenye Amri za Mungu hakutupa maelezo ya kunakili. Alituonyesha filamu ukumbini, Jumamosi moja filamu moja, kila filamu kama saa moja hivi. Ni Dekalog, mfululizo wa filamu kumi uliotengenezwa kwa ajili ya televisheni ya Poland miaka ya 1988 na 1989, chini ya mwongozaji Krzysztof Kieślowski. Watu wake wanaishi katika majengo ya ghorofa ya kijivu jijini Warszawa, na kila filamu inagusa amri mojawapo bila kuihubiri. (Mwaka 1995, sinema ilipotimiza miaka 100, Vatikani ilitoa orodha ya filamu 45 zenye umuhimu wa pekee, na Dekalog imo. Nalitaja hili kwa ajili ya walezi watakaouliza mafrateri wanatazama nini Jumamosi.)

Filamu ya kwanza inamhusu baba msomi, mhadhiri wa chuo kikuu, anayeamini kwamba kila kitu hupimika. Anapiga hesabu kwa kompyuta ajue kama barafu ya ziwa lililo karibu na nyumbani inaweza kubeba uzito wa mwanawe mdogo, Paweł, anayetaka kwenda kuteleza juu yake. Hesabu inasema barafu ni imara. Barafu inapasuka. Sisi ambao hatujawahi kuona ziwa limeganda tulikaa ukumbini bila hata mtu kukohoa. Wenzangu walipotoka walijadili imani na sayansi, na hilo ndilo padre alilolitaka. Mimi nilibaki na swali la mpiga kinanda: muziki ulikuwa wapi? Mahali ambapo filamu nyingine zingemwaga fidla kama mvua ya masika, hapa ilipita filimbi kidogo, nota chache, kisha upepo na kimya. Machozi yalinitoka na hakuna aliyekuwa amenisukuma nilie. Nikauliza jina la mtunzi, nikaanza kumtafuta.

Preisner alizaliwa mwaka 1955 Bielsko-Biała, kusini mwa Poland. Alisoma historia na falsafa katika Chuo Kikuu cha Jagiellonia, Krakow, chuo alikopita Copernicus na, karne nyingi baadaye, Karol Wojtyła. Shule ya muziki hakusoma. Alijifundisha mwenyewe: anaweka sahani ya santuri, anasikiliza, anaandika nota za alichokisikia, anarudia. Wanaozijua kwaya zetu za vigangoni hawatashangaa. Wako walimu wengi walionyonya nyimbo kutoka kwenye kaseti, sauti moja baada ya nyingine, wakisimamisha na kurudisha mkanda mpaka besi ieleweke. Tofauti ni kwamba wengi wetu tukishaipata besi tunaridhika. Yeye aliendelea kuuliza kwa nini besi imekaa pale na si kwingine, na hapo ndipo ninapomshuku mwanafalsafa.

Alianzia katika Piwnica pod Baranami, kikundi cha wasanii kilichokuwa kikikutana chini ya ardhi, katika chumba cha jumba la zamani katikati ya Krakow, wakiimba mashairi na kufanya mzaha wakati wa utawala wa kikomunisti. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 akaanza kuandikia filamu.

Hapa neno "filamu huru" linahitaji maelezo. Marekani maana yake ni filamu iliyotengenezwa nje ya kampuni kubwa za Hollywood, kwa fedha za kuungaunga. Poland ya wakati ule haikuwa hivyo: fedha zilitoka serikalini, kwa hiyo uhuru ulitafutwa kwingine, katika kile ambacho mwongozaji alithubutu kukisema na kile alichokataa kukisema. Baadaye Kieślowski alifanya kazi na watayarishaji wa Ufaransa, na filamu zake tatu za mwisho zilisimamiwa na Marin Karmitz, mtayarishaji anayejitegemea. Kwa vyovyote vile mtunzi wa filamu za namna hii hupewa bajeti inayofanana na ya kigango. Muziki huja mwishoni, wakati waigizaji, kamera, usafiri na chakula vimekwisha kula fedha. Mara nyingi mtunzi huambiwa kiasi kimoja cha jumla: humo awalipe wapiga ala, alipie studio, na kitakachobaki ndicho riziki yake. Akiongeza fidla nne, amepunguza mkate wa nyumbani kwake. Kinachofuata ni fedha za haki za mtunzi, zinazoingia kidogo kidogo filamu ikirushwa hewani, kupitia chama cha watunzi. Poland wanacho chao, ZAiKS, tangu 1918, kama hapa kwetu tulivyokuwa tukisikia habari za COSOTA.

Kazi yenyewe hufanyika hivi. Filamu ikishahaririwa, mwongozaji na mtunzi huketi na kuitazama wakiwa na saa. Wanaamua muziki uingie sekunde gani na utoke sekunde gani. Mtunzi anarudi nyumbani na orodha ya vipande: hiki sekunde 40, hiki dakika moja na nusu, na kwenye kile mhusika atafungua mlango katikati, basi muziki usimfunike. Ni kazi ya kupimiwa, kama fundi cherehani. Anayetaka kuonyesha uwezo wake wote hana nafasi, kwa sababu nguo ni ya mwingine.

Kieślowski hakupenda kumwita mtunzi mwishoni. Alieleza kwamba alimthamini Preisner kwa sababu alitaka kuwamo tangu mwanzo, hadithi ikiwa bado karatasi, na si kungoja filamu iliyokamilika ndipo aipambe. Walianza pamoja na filamu Bez końca, yaani Bila Mwisho, ya mwaka 1985. Ni habari ya mwanasheria aliyekufa, ambaye bado anawatazama mkewe na mteja wake katika nchi iliyo chini ya sheria ya kijeshi. Filamu hiyo ilikuwa pia mara ya kwanza kwa Krzysztof Piesiewicz, wakili halisi wa mahakamani, kuandika hadithi pamoja na Kieślowski. Wakawa watatu: mwongozaji, wakili, na mhitimu wa falsafa. Hakuna hata mmoja wa hao wawili wa mwisho aliyesomea kazi aliyokuja kujulikana nayo. Kwa karibu miaka kumi walifanya kazi hivyo.

Nitawasimulia jambo moja lao linalonifurahisha kupita yote. Katika filamu ya tisa ya Dekalog walihitaji jina la mtunzi wa zamani ambaye muziki wake unasikilizwa na mhusika. Badala ya kuchukua Bach au Mozart, walimbuni mtu wao, Mholanzi, wakamwita Van den Budenmayer. Akarudi tena katika Maisha Mawili ya Véronique mwaka 1991, na humo mwalimu anawaeleza watoto darasani kwamba mtunzi huyu aliishi Uholanzi zaidi ya miaka 200 iliyopita na amegunduliwa hivi karibuni tu. Akarudi katika Rangi Tatu. Walimpa hata namba ya orodha ya kazi zake, kama wanavyopewa watunzi wakubwa. Wako wasikilizaji walioamini kabisa kwamba yupo, wakaenda kumtafuta madukani. Muziki wote ulikuwa wa Preisner.

Mzaha, ndiyo. Lakini mtafakari kidogo mzaha huo. Mtu ameandika kipande chake kizuri kuliko vyote, kile anachokiimba Weronika jukwaani mpaka moyo wake unasimama, maneno yakiwa ya Dante katika Kiitaliano cha kale, na sauti yenyewe ikiwa ya Elżbieta Towarnicka. Halafu ndani ya hadithi sifa zote anapewa Mholanzi ambaye hajawahi kuzaliwa. Mtakatifu Augustino, katika kitabu cha kumi cha Maungamo, anahangaika na jambo linalokaribiana na hili: anaogopa kuguswa na uimbaji kuliko kile kinachoimbwa. Sisi tunaotunga nyimbo za Misa tunaijua hofu hiyo kwa upande wa pili. Wimbo wa komunyo umekwenda vizuri, watu wametulia, na wewe kwenye kinanda unajikuta unachungulia nani ameguswa. Wazo la kumbandika Van den Budenmayer kwenye karatasi za nota limenijia zaidi ya mara moja.

Rangi Tatu ndiyo iliyowafanya wajulikane duniani: Buluu mwaka 1993, Nyeupe na Nyekundu mwaka 1994. Kila moja ina muziki wa tabia yake. Nyeupe ina tango, Nyekundu ina bolero. Buluu ndiyo inayohusu muziki wenyewe, na nitakaa hapo.

Julie amempoteza mumewe, mtunzi mashuhuri, na binti yao katika ajali ya gari. Mume alikuwa akiandika wimbo mkubwa wa kuadhimisha umoja wa Ulaya. Julie anataka kuishi bila kumbukumbu yoyote, kwa hiyo anazichukua nota za wimbo huo na kuzitupa kwenye gari la taka. Mashine inazisaga. Lakini muziki haumwachi. Amekaa mahali, mtu anamwuliza jambo, na ghafla skrini inakuwa nyeusi na okestra inalipuka. Kisha mwanga unarudi na tuko pale pale, yule mtu bado anangoja jibu. Sijui kama kuna mwalimu wa saikolojia aliyenifafanulia majonzi vizuri kuliko sekunde zile za giza. Na kwenye mazishi ya mume na mtoto unapigwa muziki ambao Preisner alikwisha kuuandika kwa ajili ya Bila Mwisho, miaka minane nyuma, kwa mjane mwingine. Naamini ni makusudi. Mtunzi wa parokia naye anajua kwamba wimbo wa mazishi hauandikwi upya kila mtu akifa.

Sehemu ya muziki ya filamu hii haikuweza kungoja mwishoni. Iliandikwa kabla kamera hazijawashwa, kwa sababu kuna mahali kidole cha Julie kinafuata nota kwenye karatasi na sisi tunazisikia zikiimba kadiri kidole kinavyokwenda. Karibu na mwisho anaketi na Olivier, msaidizi wa mumewe, kuumaliza wimbo. Olivier ameujaza ala. Julie anasema toa ngoma. Zinatoka, na masikio yetu yanasikia zikitoka. Toa tarumbeta. Zinatoka. Badala ya piano, weka filimbi. Picha yenyewe inafifia mpaka hatuoni kitu isipokuwa rangi, na wimbo unazidi kuwa mwepesi. Nimekitazama kipande hicho mara nyingi kuliko ninavyopaswa kumwambia padre mlezi. Kwaya zetu zinajua sana kuongeza: kinanda, ngoma, kayamba, spika mbili, tena spika nne. Sijawahi kusikia mazoezi ambayo mwalimu alisema toa, toa, toa.

Mwishoni wimbo unaimbwa wote, kwa Kigiriki, na maneno yake ni sura ya 13 ya Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, ile ya upendo. Hapa nitasema ninachofikiri ingawa baadhi ya wenzangu hawakubali: kwaya ile ya mwisho ni kubwa mno. Ni tukufu, lakini inajua kwamba ni tukufu. Kuna mpiga filimbi wa barabarani katika filamu hiyo hiyo, mtu anayelala chini kando ya njia, naye anapuliza melodia ile ile bila okestra, bila Ulaya, bila sherehe. Julie anamwuliza ameipata wapi. Anajibu kwamba hupenda kujitungia mambo yake. Ningelazimishwa kuchagua, ningechukua ile ya filimbi.

Sasa nieleze kwa nini mambo ya watu hawa watatu yamenishika kiasi hiki.

Mimi nami nilikuwa na mwenzangu. Tulikuwa pamoja tangu seminari ndogo. Yeye hakujua nota hata moja, na sauti yake ilikuwa ya kuomba radhi, lakini alijua maneno. Alikuwa akichukua zaburi, anaizungusha siku mbili tatu, anachanganya na namna bibi yake alivyokuwa akisali kwa Kiswahili cha kijijini, kisha ananiletea beti nne kwenye karatasi iliyokunjwa mara nyingi. Mimi naandika muziki. Halafu anakuja kwenye kinanda, anasikiliza, anasema, "Hapa umenizidi, punguza." Alikuwa na haki karibu kila mara, na hata nilipobisha nilipunguza. Zipo nyimbo tano tulizotunga hivyo, na mbili kati yake zinaimbwa hata leo jimboni kwetu.

Mwaka wa pili wa falsafa aliomba kwenda nyumbani. Hakufukuzwa wala hakukosana na mtu. Alifikiri, akasali, akazungumza na gombera, akafungasha. Nilimsindikiza hadi barabara kuu, nikambebea godoro. Tangu siku hiyo, mwaka mzima na zaidi, sikutunga kitu. Kinanda kilikuwepo, muda wa kutosha ulikuwepo, zaburi zote 150 zilikuwepo. Nilikuwa nikiandika mistari minne ya nota, naona ni mizuri, halafu nangoja mtu wa kuniambia punguza. Hayupo. Hayo ndiyo wanakwaya wa nyumbani wanayoyaita falsafa imemmeza.

Aristotle alitenga vitabu viwili kati ya kumi vya Maadili yake kwa Nikomako kuzungumzia urafiki, na darasani tunajiuliza kwa nini vingi hivyo. Nadhani sasa naelewa kidogo. Anafundisha kwamba rafiki ni kama nafsi yako ya pili, na kwamba tunayaona matendo ya jirani kwa urahisi kuliko tunavyoyaona ya kwetu. Mtunzi wa filamu huru ndivyo anavyoishi. Jicho si lake, ni la mwongozaji. Akiondoka mwenye jicho, je, mtunzi anabaki na nini?

Preisner alilazimika kulijibu swali hilo kwa njia ngumu kuliko yangu, na silinganishi mtu kuondoka na mtu kufa. Mwaka 1994, baada ya Nyekundu, Kieślowski alitangaza kwamba hatatengeneza filamu tena. Hata hivyo yeye na Piesiewicz walianza kuandika hadithi nyingine tatu: Mbingu, Toharani na Jehanamu. Tarehe 13 Machi 1996 Kieślowski alifariki baada ya upasuaji wa moyo. Alikuwa na miaka 54. Hadithi ya Mbingu ilikuja kutengenezwa mwaka 2002 na mwongozaji Mjerumani, Tom Tykwer, na muziki uliomo ni wa Arvo Pärt, mtunzi wa Estonia. Ni muziki mzuri, tena mtulivu. Lakini nilipoitazama nilikuwa nikimtafuta Preisner, kama mtu anayeingia nyumba anayoifahamu na kukuta viti vimehamishwa.

Yeye alikuwa amefanya jambo jingine. Watatu hao walikuwa na mpango wa kazi kubwa ya jukwaani, ya kusimulia maisha ya mtu kwa muziki, ambayo Kieślowski angeiongoza. Mpango ulikufa naye. Preisner akachukua kilichobaki akakigeuza kuwa Misa ya wafu, akaiita Requiem kwa Rafiki Yangu, na ikasikika kwa mara ya kwanza Warszawa mwaka 1998. Ilikuwa kazi yake kubwa ya kwanza isiyo ya filamu. Hapakuwa na mtu wa kumpa orodha ya sekunde.

Nimeisikiliza nikiwa na kitabu cha ibada ya mazishi mkononi, kama kazi ya nyumbani. Sehemu ya kwanza inafuata maneno tunayoyajua: Kyrie, Dies irae, Sanctus, Agnus Dei, Lux aeterna. Ala ni chache, sauti chache, unaweza kuzihesabu. Jambo lililonishangaza ni mpangilio. Baada ya mazishi kuna sehemu ya pili, na jina lake ni Maisha. Inaanzia mwanzo: kukutana, kuugundua ulimwengu, kupenda. Inapita katika Apokalipsi, inaishia na sala. Kwa mtu wa kawaida maisha hutangulia, kaburi hufuata. Yeye amezika kwanza. Nilimwuliza padre wetu kama anaona kuna teolojia ya ufufuko hapo au mimi ndiye ninayeiweka. Alisema nisimlazimishe mtunzi kuungama kitu ambacho hajakisema, kisha akanyamaza, kisha akasema, "Lakini ni kweli, amezika kwanza."

Baada ya hapo maisha ya kazi yaliendelea kama yanavyoendelea. Tayari alikuwa na tuzo mbili za César za Ufaransa na Dubu wa Fedha wa tamasha la Berlin la 1997. Aliandikia filamu ndogo za waongozaji wa Skandinavia, miongoni mwao Hans Petter Moland na Thomas Vinterberg. Alimpangia okestra David Gilmour wa Pink Floyd kwa albamu ya 2006. Mwaka 2017 alikuwa bado anaandikia filamu ya Norway ya mwongozaji kijana. Kusema kweli, hakuna kati ya hizo inayotajwa kama zinavyotajwa zile za miaka kumi na Kieślowski, na sioni haja ya kulificha hilo. Ila zile nota za msiba zimetembea peke yake. Terrence Malick aliweka Lacrimosa katika The Tree of Life, mwaka 2011, pale ambapo mama aliyefiwa na mwanawe anamwuliza Mungu, na picha zinarudi nyuma mpaka kuumbwa kwa nyota. Paolo Sorrentino naye alichukua Dies irae kwa ajili ya filamu yake juu ya Roma, mwaka 2013. Watu wanaotazama filamu hizo hawajui kwamba rafiki anayeliliwa pale alikuwa Mpolandi mvuta sigara aliyefanya kazi kupita kiasi.

Wakati wa likizo ya Pasaka nilimwambia padre mlezi wangu wa kiroho habari za nyimbo zisizokuja. Nilitegemea anipe sala. Akaniuliza, "Huyo ndugu yako ana simu?" Nikasema anayo. "Basi mwandikie."

Nilimwandikia. Siku hizi anafundisha Kiswahili katika shule ya sekondari, madarasa yamejaa, jioni anasahihisha madaftari. Alikaa kimya siku tisa. Siku ya kumi, saa tano usiku, ziliingia beti mbili juu ya mtu anayetoka usiku kutafuta maji, na chini yake ameandika: "Frateri, beti ya pili naomba isiwe na kinanda. Sauti tu. Na usinizidi."

Nimeanza na besi. Sauti nyingine tatu bado, na mwalimu wa kwaya ameniambia kwamba mazoezi ni Jumatano.